Brashi ya Madebe ya Maziwa

Mmeniomba niandike kabla sijasahau, nami nimekubali kwa sharti moja: msinisukume. Nilisoma hadi darasa la saba kule Wundanyi, na tangu enzi hizo mkono wangu huandika kama mtu anayepanda mlima na gunia la viazi mgongoni. Barua ya ukurasa mmoja hunimalizia jioni nzima. Hii ina kurasa kadhaa, kwa hiyo mjue nimeitolea jasho.

Naandika kwa Kiswahili kwa sababu chumba cha kuoshea vyombo vya maabara sasa ni chenu, ninyi wa Uvira mnaochanganya na Kifaransa, na ninyi wa Kenya mnaochanganya na chochote kilicho karibu. Hata hivyo tunaelewana. Mambo ya vyeo na mishahara nitayaruka. Hayajawahi kumsaidia mtu kusuuza chupa.

Nilifika Texas mwanzoni mwa miaka ya tisini nikimfuata mke wangu, Wakesho, aliyekuwa amepata kazi ya uuguzi katika hospitali moja ya Fort Worth. Ndiyo, mimi ndiye niliyemfuata. Kwetu wakati ule mume ndiye aliyetangulia na mke akafuata, na wote waliokuja kuniaga walinitazama kama mtu aliyeshika tiketi ya mwenzake. Nilikuwa kijana mwenye haya, haya ile ya mtu anayejificha chumbani mgeni akibisha hodi. Fort Worth nilifanya kazi kwenye ghala la vigae vya bafuni. Niliipenda. Katoni ya vigae haikuulizi ulikotoka wala unaendeleaje, na ukiiweka chini inakaa.

Baada ya miaka michache Wakesho alihamishia kazi yake Houston. Tukapanga nyumba Alief, halafu baadaye tukasogea Stafford tulipo mpaka leo. Muuguzi mwenzake alimwambia kwamba jengo la utafiti la chuo kimoja kidogo linatafuta mtu wa kuosha vyombo vya maabara. Wakesho alinieleza habari hiyo akiwa amenipa mgongo, anakaanga vitunguu. Alijua angenitazama usoni ningesema nitafikiria.

Aliyenipokea siku ya kwanza alikuwa mama mfupi Mmarekani mweusi, mzaliwa wa Houston, amevaa aproni iliyomfika kwenye vifundo vya miguu. Kila mtu katika jengo, maprofesa kwa wafagiaji, alimwita Miss Odessa. Aliniangalia mikono kabla ya kuniangalia uso.

"Kwako nani anaosha vyombo?" akaniuliza.

Nikasema ni mke wangu.

"Vizuri. Basi huna mazoea mabaya ya kukuondolea."

Mengi ninayowafundisha ninyi ni yake. Chupa haiwi safi kwa sababu inang'aa. Ijaze maji, imwage, halafu itazame dhidi ya dirisha. Maji yakiteremka kwa pamoja kama shuka inayovutwa kitandani, chupa ni safi. Yakijikusanya matone matone, bado kuna mafuta au sabuni, rudia. Suuza kwa maji ya bomba mpaka uchoke, halafu kwa maji yaliyochujwa mpaka uchoke tena. Ndipo iende kwenye tanuri la mvuke la kuua vijidudu.

Sababu ya ukali huo nilielezwa na Dokta Sunita, mwenye maabara ya seli ghorofa ya tatu. Alikuwa mama mwembamba, mzaliwa wa India, aliyetembea haraka hata akiwa hana anakokwenda. Alikuwa akichunguza jinsi seli zinavyotambua jirani zake na kuacha kusukumana. Zilikaa ndani ya chupa, kwenye maji ya chakula ya rangi ya waridi, na zilipaswa kulishwa kwa ratiba kama watoto wachanga.

"Seli haina mdomo wa kulalamika," aliniambia. "Ikionja sabuni inakufa tu, na mimi ndiye ninayebaki kulalamika."

Tangu siku hiyo sikuwahi kuona chupa tupu. Niliona sahani ya mtu asiyeweza kusema chakula kina chumvi.

Miss Odessa alikuwa na sheria mbili zisizojadiliwa. Ya kwanza: kitu chochote chenye umeme au betri hakivuki mlango wa chumba cha kuoshea. Kuna rafu koridoni, kikae hapo. Redio yake ya kwanza, aliyokuwa akisikilizia nyimbo za injili, ilizama ndani ya lile sinki kubwa, na yeye mwenyewe aliponea chupuchupu. Ya pili: chupa kubwa, zile za ujazo wa ndoo, huoshwa na watu wawili. Mmoja anasugua, mwingine anasuuza, bega kwa bega, na macho yote mawili kwenye chupa. Ukimtazama mwenzako, chupa inateleza. Mara nyingi akinisikia nageuza shingo alisema tu, "Tazama chupa."

Sheria hiyo ya pili ilikuwa na faida ambayo hakuna aliyeniambia. Mimi, ambaye nyumbani simu ikilia nilikuwa naiacha mpaka inyamaze kwa kuogopa Kiingereza cha mtu nisiyemwona, nilijikuta naongea. Kwanza maneno mawili, halafu sentensi, halafu habari ya shamba letu, ya ndugu yangu aliyezama bwawani, ya jinsi ninavyoogopa kwamba binti yangu Mghoi atakua akiniona kama mgeni wa mama yake. Miss Odessa alikuwa akiguna, "Mm-hm," na kupokea chupa. Ningekaa naye mezani uso kwa uso nisingetoa hata moja ya habari hizo.

Kanisani kwetu, ambako Wakenya wa Stafford na Alief tulikutana kila Jumapili, kazi yangu iliwafurahisha sana wanaume wenzangu, hasa dereva mmoja wa malori, Baba Njeri. Ni mtu mwenye moyo mzuri na mdomo usio na breki.

"Bwana Mwakio," alikuwa akisema mbele ya watu, "yaani umevuka bahari yote hii ku-wash vyombo? Si ungebaki tu tukakutafutia sinki Mombasa?"

Nilicheka pamoja nao ili yaishe. Wakesho alikuwa akiniambia garini, "Baba Mghoi, mwache. Yeye anaosha nini? Lori lake lenyewe linaoshwa na mashine."

Miss Odessa alistaafu, akaniachia aproni, ambayo ilinifika magotini. Kisha ikaja ile mvua kubwa iliyofurisha Houston mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili. Maji yaliingia vyumba vya chini ya ardhi katika majengo mengi, na jengo la masomo ya dini na jamii la chuo chetu likajaa mpaka ngazi ya nne. Wenyewe walitawanywa popote palipokuwa na chumba kikavu. Wawili waliletwa kwetu ghorofa ya tatu, kati ya seli za Dokta Sunita na chumba changu cha kuoshea. Tuliambiwa ni kwa muda. Ninyi mnajua neno hilo lina urefu gani mahali petu. Walikaa miaka.

Wa kwanza alikuwa Profesa Halloran, mwanahistoria wa nchi za Biblia, mama mrefu wa kutoka Ireland aliyekula karoti mbichi kutwa nzima. Alileta trei za vigae vya vyungu vilivyovunjika tangu wakati wa wafalme wa Yuda. Nilipomwambia naweza kumsaidia kuvisafisha alitandaza mikono miwili juu ya trei kama kuku na vifaranga. Sabuni ingeondoa mabaki ya chakula aliyokuwa akiyatafuta. Ndipo nikajua kwamba kwenye korido moja kuna mtafiti ambaye uchafu kidogo unamharibia kazi, na jirani yake usafi kidogo unamharibia vilevile.

Wengine wa fani yake waliandika juu ya vita na wafalme. Yeye alitaka kujua nani alipika, nani alichota maji, na nani aliosha baadaye. Siku moja alikuja mlangoni na karoti yake akanieleza mahali fulani katika habari za wafalme ambapo Mungu, akiwa ameikasirikia Yerusalemu, anasema ataifuta kama mtu anavyofuta sahani na kuigeuza juu chini. Mahali hapo napajua, nilimwambia, tumesomewa kanisani.

"Wataalamu wamebishana miaka na miaka kuhusu hiyo hasira," akasema. "Mimi nataka kujua nani alikuwa anafuta sahani."

Nililibeba neno hilo hadi kanisani. Baba Njeri aliponianza nikamwambia kwamba Mungu mwenyewe amejifananisha na mtu wa sinki, aende akasome. Alifikiri kidogo.

"Lakini hapo alikuwa amekasirika," akasema. "Wewe umekasirika na nani?"

Watu walicheka mpaka mchungaji akatoka kutazama. Na mimi nilicheka, safari hii kwa kupenda.

Wa pili alikuwa Dokta Anders, Mdenmark, kijana bado, mrefu kiasi kwamba aliinama kwenye milango isiyohitaji kuinamiwa. Yeye alichunguza wanaume wa mashambani huko kwao, Jutland, jinsi mvulana anavyojifunza kuwa mwanamume mahali penye ng'ombe wengi na maneno machache. Mara ya kwanza aliponieleza nilimuuliza wanaume hao wana ugonjwa gani. Akasema hilo ndilo swali ambalo mama yake humuuliza.

Chumba chake kilipakana na changu na ukuta ulikuwa mwembamba. Kutwa nilisikia kanda za mahojiano yake. Swali refu kwa sauti ya Anders, halafu kimya. Saa ya ukutani. Ng'ombe kwa mbali. Mwishowe sauti nzito inasema, "Nå." Neno hilo ni lao, na linatumika kwa kila kitu: kukubali, kukataa, kushangaa, kumfukuza mgeni. Siku nyingine nilimkuta ameweka kanda na anatabasamu peke yake. Nilisema sisikii kitu. "Hapa," akanijibu, "anakaribia kusema."

Alikuwa anaandika kitabu, na moyo wa kitabu ulikuwa mkulima mmoja, baba yake mwenyewe, Mzee Jens. Anders alikuwa mtoto pekee. Alipokwenda kusoma hakurudi, na ng'ombe wakauzwa, na jirani akakodisha mashamba. Baba na mwana hawakugombana. Hawakusema lolote, si siku ile wala miaka iliyofuata. Sasa sura nzima juu ya mzee ilikuwa imeandikwa, na Anders hakuwa tayari kuichapisha bila ruhusa yake. Alimpigia simu kumwomba. Mzee akasema, "Nå."

Aliniambia haya akiwa ameegemea mlango wangu, mimi nikisugua.

"Kitabu kinaweza kusubiri," akasema. "Mimi nataka kujua kama amenikasirikia. Miaka kumi na tano, Mwakio, na sijui."

Ndipo akamwalika. Mke wa mzee, mama yake Anders, ndiye aliyemsukuma kupanda ndege, yeye akabaki kwa sababu ya goti. Mzee Jens akaja Houston kwa wiki mbili, mwezi Mei, na kofia ya sufu.

Sijapata kuona mtu asiye na kazi akiteseka namna ile. Anders alimpeleka kwenye ranchi kuona ng'ombe wa Texas wenye pembe ndefu. Mzee aliwatazama muda mrefu akasema, "Nå." Dokta Sunita aliwaalika chakula. Alikula vizuri, akashukuru, akatazama mikono yake. Profesa Halloran, ambaye amewahi kuongea na vigae vya miaka elfu mbili na mia saba vikamjibu, alimuuliza maswali ya kilimo jioni nzima na akarudi kesho yake akisema ameshindwa. Na kila mahali Anders alikuwa nyuma yake na kinasa sauti chake kidogo kikining'inia shingoni, kama muuguzi anayefuatilia mapigo ya moyo.

Wiki ya pili mzee alichoka kuendeshwa garini. Alileta kiti akakaa koridoni, mkabala na mlango wangu uliokuwa wazi, akawa ananitazama nikifanya kazi. Mimi mwenye haya, yeye asiyesema: tulielewana kabisa. Siku ya pili aliinuka, akaingia, akanyoosha kidole kwenye brashi niliyokuwa nikisugulia chupa kubwa. Alikuwa na Kiingereza cha maneno machache.

"Fupi," akasema, akatikisa kichwa kwa masikitiko, akarudi kukaa.

Alikuwa amesema kweli. Brashi ile ilinilazimu kuingiza mkono hadi kwenye kiwiko na bado pembe za chini nilizifikia kwa kubahatisha. Lakini ndiyo tuliyopewa.

Ijumaa, naye akiwa anaondoka Jumapili, mashine ya kuoshea, inayomalizia chupa zote baada ya kusuguliwa kwa mkono, iliharibika. Si kuzima, maana ingezima tungejua mapema. Pampu ya kusuuzia ilikufa huku ile ya sabuni ikiendelea kwa bidii, na chupa zote za ghorofa zikatoka zimepakwa sabuni iliyokauka kwa joto. Niliijaza chupa ya kwanza, nikaitazama dirishani, nikaona matone. Ya pili, matone. Dokta Sunita alikuwa na seli zilizopaswa kulishwa mchana ule, kundi alilolikuza kwa miezi, na chupa za kununua zisingefika kabla ya Jumatatu. Alikuja mlangoni, akanitazama, akatazama toroli tatu zilizojaa, na kwa mara ya kwanza nikamwona amesimama tuli.

Nikamwambia inawezekana, lakini si kwa mikono miwili. Akaenda kuwaita wote waliokuwa kwenye korido.

Kwa hiyo asubuhi ile wasomi walivaa aproni. Profesa Halloran nilimpa chupa ndogo, pamoja na wanafunzi wawili wa Dokta Sunita, na nikamwonya kwamba hapa sabuni ni adui. Alisema amengoja miaka kusikia mtu mwingine akisema hivyo. Anders alikuja mbio na kinasa sauti shingoni.

"Daktari, hicho kwenye rafu," nikamwambia.

Alisogea karibu akashusha sauti. "Ni siku zake mbili za mwisho. Huenda akasema kitu."

"Basi kisikilizie koridoni."

Alinitazama kama anayetaka kubishana, lakini sheria ilikuwa ya Miss Odessa, na mimi sikuwa na mamlaka ya kuilegeza. Akakivua.

Alipogeuka, baba yake alikuwa amekwishavua koti. Hakuna aliyemwalika. Alikunja mikono ya shati kwa mikunjo mitatu ya upana mmoja, akaenda kwenye lile sinki kubwa, upande wa kusugua, akachukua ile brashi fupi kwa dharau, akavuta chupa ya kwanza. Palihitajika mtu wa kusuuza. Ningesimama hapo mwenyewe, lakini bomba la maji yaliyochujwa liko juu na mbali, na kwa kutwa nzima bega langu lisingeweza. Anders alikuwa na mkono mrefu kuliko wote. Nikamweka hapo. Msinisifu kwa busara. Nilikuwa nafikiria bomba.

Mimi nikapanga chupa mezani nyuma yao, nikikagua moja moja.

Kwa muda mrefu ilikuwa sauti ya maji tu. Mzee alisugua, akakabidhi bila kutazama, Anders akapokea, akasuuza, akanipa. Mwanzoni alikuwa polepole, kisha wakashika mwendo mmoja. Toroli ya kwanza ikaisha. Katikati ya ya pili nikasikia sauti nzito niliyoifahamu kutoka ukutani, na haikusema "Nå." Ilisema neno, na lingine, na sentensi. Ikanyamaza. Brashi ikaendelea. Ikasema tena, ndefu zaidi.

Sikuelewa hata silabi. Lakini niliona shingo ya Anders inaanza kugeuka, taratibu, kumtazama baba yake usoni, na chupa kubwa ya kioo mikononi mwake inaanza kuteleza. Nikasema kama nilivyokuwa nikiambiwa mimi.

"Tazama chupa."

Akairudisha shingo. Mzee, aliyekuwa amesita, akaendelea.

Aliongea toroli nzima ya pili na sehemu ya tatu. Profesa Halloran aliacha utani wake, akawa anasuuza bila sauti. Mara mbili nilimwona Anders akitupa jicho mlangoni, kwenye rafu, na mara zote mbili kukawa na chupa nyingine ya kupokea. Kuna wakati alijibu kitu kifupi. Kuna wakati alifuta pua kwa bega kwa sababu mikono ilikuwa imelowa. Na kuna wakati, karibu na mwisho, wote wawili walicheka kwa pamoja, kicheko kile kile, cha kooni, kama gari bovu linapowaka.

Chupa ya mwisho niliijaza, nikaimwaga mbele ya dirisha. Maji yaliteremka kama shuka. Dokta Sunita aliichukua kutoka mikononi mwangu kabla sijaisifu. Seli zake zilikula kwa kuchelewa kidogo, na hazikulalamika.

Mzee Jens alishusha mikono ya shati, akavaa koti, akarudi kwenye kiti chake koridoni na kufumba macho. Anders alibaki ameegemea sinki. Nilikuwa nafagia maji. Akanieleza, naye akitazama ufagio wangu, siyo mimi.

Zamani, baba yake alimwambia, maziwa yalikwenda kiwandani kwa madebe marefu ya bati. Kila asubuhi baada ya kukamua, Jens akiwa kijana alisimama na baba yake kwenye chumba cha maziwa wakiyaosha. Mkubwa alisugua, mdogo alisuuza. Hapo ndipo baba yake alipoongea naye, na hakuongea naye mahali pengine popote, maisha yake yote. Hapo alimwambia jinsi alivyomwoa mama yake. Hapo Jens alimwambia baba yake kwamba anatamani kuwa seremala wa meli, na baba yake akamweleza kwa nini haiwezekani, na wakamaliza madebe. Kisha lori la tangi likaanza kuja kuvuta maziwa kwa mpira. Madebe yakaisha. Hilo lilikuwa kabla Anders hajaanza kutembea.

"Akasema hivi," Anders akaniambia, na hapa nayaandika maneno yake jinsi alivyonitafsiria. "Sikukasirika. Nilitaka kukwambia uende. Nilikuwa natafuta mahali pa kusimama."

Nikafagia maji hadi pembeni.

"Na kitabu?" nikauliza.

"Amesema niandike. Ila niweke madebe."

Kisha akakumbuka kinasa sauti. Kilikuwa rafuni na kilikuwa kimewaka muda wote. Tulikisikiliza pamoja. Ilikuwa saa nzima ya Dokta Sunita koridoni akimgombeza fundi wa mashine kwenye simu, bila kurudia tusi moja mara mbili. Anders alicheka mpaka akakaa sakafuni. Kanda hiyo hakuifuta, na nadhani Dokta Sunita hajui mpaka leo, kwa hiyo msimwambie.

Kitabu kilitoka. Kina sura ya madebe, na watu wa fani yake wameisifu kuliko nyingine zote. Nakala aliyonipa ni ya Kiingereza kigumu, nami naisoma kama ninavyoandika, kwa hiyo bado niko njiani. Anders alirudi Denmark kufundisha. Profesa Halloran alijengewa jengo jipya akaondoka na trei zake, akaniachia mfuko wa karoti.

Lakini kabla ya hayo yote, kiangazi kile kile, kilifika kifurushi chenye jina langu, chembamba na kirefu. Ndani mlikuwa na brashi: mpini wa mti uliochongwa kwa mkono, na nywele za farasi zilizofungwa kwa waya kichwani, aina waliyosugulia madebe. Niliitumbukiza kwenye chupa kubwa kuliko zote ikafika pembeni bila mkono wangu kulowa. Hakukuwa na barua. Palikuwa na kikaratasi kimefungwa kwenye mpini, na neno moja la Kiingereza kwa herufi kubwa, ambalo kwetu ni: NDEFU.

Mwaka uliofuata tulikuwa na harusi hapo Stafford. Baada ya chakula wanaume walitoka nje kuzungumzia mpira, nami nikaenda jikoni nyuma ya ukumbi, kwenye sufuria za pilau, na brashi yangu. Baba Njeri alinifuata kuja kunitania. Alitania kweli, sentensi mbili tatu, halafu kwa kuwa alikuwa amesimama bure nikampa kitambaa cha kukaushia. Sufuria ya tatu akaniambia kwamba Njeri wake, aliyemlea kwa Kiswahili na Kikuyu, sasa humjibu kwa Kiingereza tu, neno moja moja, na hajui amemkosea nini. Sikumtazama. Nikamwambia nyumbani wauzime ule mtambo wa kuoshea sahani kwa wiki moja, waone. Siku hizi Njeri ni muuguzi, na Baba Njeri anasema sasa tatizo ni kumnyamazisha.

Sasa kazi. Brashi iko kwenye msumari wa tatu, nyuma ya mlango. Isiingie kwenye tanuri la mvuke hata siku moja, gundi itayeyuka. Ioshwe kwa maji ya baridi, itundikwe kichwa chini. Nywele nimebadilisha mara kadhaa kwa fundi wa matandiko ya farasi, mpini ni ule ule.

Nimesikia kwamba chupa zote zitakuwa za plastiki za kutumia na kutupa, na kwamba wakubwa wanapima kile chumba waone kama kitatosha kuwa stoo. Siwalaumu, na mgongo wangu unawaunga mkono. Lakini wakija na tepu yao ya kupimia, simameni wawili wawili mbele ya lile sinki kubwa, muwaombe waliache. Wakiuliza ni la nini, waambieni ni la chupa kubwa.